Mwongozo Kamili: Jinsi ya Kuandika Maoni Kuhusu Mswada wa Bunge Kenya Yasiishie Kapuni

Kila mswada mzito ukichapishwa, napokea lalamiko lile lile: "Nilituma maoni, hakuna aliyeyasoma." Nikiomba nionyeshwe kilichotumwa, mara nyingi nakuta aya mbili za hasira zisizotaja kipengele hata kimoja. Wakati mwingine ni barua nzuri kabisa, ila ilifika siku mbili baada ya muda kufungwa. Mwongozo huu ni wa kuziba mianya hiyo.

Haki yenyewe iko kwenye Kifungu cha 118 cha Katiba, kinacholitaka Bunge kuwezesha wananchi kushiriki katika kazi ya kutunga sheria na shughuli za kamati zake. Hakuna ada. Huhitaji wakili.

## Vitu vya kuwa navyo kwanza

Kusanya hivi kabla hujaandika hata sentensi moja:

- Nakala ya mswada wenyewe, kama ulivyochapishwa. Muhtasari uliosambazwa kwenye WhatsApp haukusaidii.
- Sheria mama inayorekebishwa, kama mswada ni wa marekebisho. Sheria za Kenya husomwa bure kwenye tovuti ya Kenya Law.
- Tangazo la Bunge la kuomba maoni. Hutoka magazetini na kwenye tovuti ya Bunge, parliament.go.ke.
- Nambari ya kitambulisho chako, nambari ya simu na anwani.
- Ushahidi wa kile unachodai: risiti, daftari la mauzo, leseni ya zamani, picha.

Wengi hawana hivyo viwili vya kwanza. Wanapinga walichosimuliwa.

## Kabla hujaanza: hakikisha shida yako ni mswada

Maoni ya mswada hujibu pendekezo lililo mezani. Kama unachotaka ni Bunge lichunguze jambo, litunge sheria mpya au lifute iliyopo, njia yako ni ombi rasmi chini ya Kifungu cha 119. Ombi lina masharti yake: aya zenye nambari, lugha ya heshima, maelezo ya ulikopeleka shida kabla ya kufika Bungeni na majibu uliyopata, kauli kama suala liko mahakamani au la, kisha jina, anwani, nambari ya kitambulisho na saini au alama ya kidole. Mwishoni lazima useme waziwazi unaomba Bunge lifanye nini.

Ukichanganya njia hizi mbili, karatasi yako itazungushwa ofisi hadi ofisi huku mswada ukipita.

## Hatua ya 1: Jua mswada uko nyumba gani

Bunge la Kenya lina nyumba mbili. Bunge la Taifa lina wabunge 349 na Spika: 290 wa maeneobunge, 47 wawakilishi wa wanawake wa kaunti na 12 walioteuliwa. Seneti ina maseneta 67 na Spika wake.

Angalia ukurasa wa mbele. Mswada wa Bunge la Taifa huandikwa hivyo, pamoja na nambari na mwaka. Mswada wa Fedha wa 2024, kwa mfano, ulikuwa Mswada Na. 30 wa Bunge la Taifa. Kisha nenda mwishoni, kwenye taarifa ya madhumuni na sababu. Hapo mwenye mswada husema kama unahusu serikali za kaunti na kama ni mswada wa fedha, yaani unaogusa kodi au matumizi ya pesa za umma.

Sababu ya kuhangaika na hili ni moja. Mswada unaohusu kaunti lazima upite nyumba zote mbili, kwa hiyo una nafasi mbili za kutoa maoni: ukipitwa kwenye nyumba ya kwanza, jiandae kwa kamati ya nyumba ya pili. Mswada wa fedha huanzia na kuishia Bunge la Taifa peke yake. Kila Mei naona watu wakimwandikia seneta wao kuhusu Mswada wa Fedha. Seneta anaweza kupiga kelele kwenye redio, lakini kura hana.

## Hatua ya 2: Hesabu siku ulizonazo

Mswada husomwa mara ya kwanza, yaani hutajwa tu bila mjadala, kisha hupelekwa kwa kamati inayohusika: ya afya, ya elimu, ya ardhi, ya fedha na kadhalika. Kanuni za Kudumu za Bunge la Taifa huipa kamati hiyo siku 20 iwe imetoa ripoti. Ndani ya siku hizo kamati lazima itangaze, ipokee maoni, isikilize watu na iandike. Ndiyo maana dirisha lako huwa jembamba kuliko unavyodhani.

Mswada wa Fedha una kalenda yake. Huwasilishwa Bungeni kufikia Aprili 30 na hutakiwa kupitishwa kufikia Juni 30. Ukianza kuutafuta Juni, umechelewa.

Tahadhari. Tarehe iliyo kwenye tangazo ni ya kupokelewa, si ya kutuma. Likisema saa kumi na moja jioni, barua iliyowekwa posta asubuhi hiyo haihesabiki.

## Hatua ya 3: Soma mswada kutoka nyuma

Usianze na kipengele cha 1. Anza na kurasa za mwisho.

Taarifa ya madhumuni itakuambia, kwa lugha nyepesi kidogo, kila kipengele kinakusudia nini. Kwenye miswada ya marekebisho, baada ya taarifa hiyo huchapishwa sehemu za sheria mama zinazoguswa, kama zilivyo sasa. Weka kidole hapo. Rudi kwenye kipengele kinachosema "futa maneno haya na uweke haya", na ulinganishe.

Hapa ndipo penye kosa linaloua maoni mengi kuliko yote: kuchanganya nambari. Kipengele cha 14 cha mswada kinaweza kuwa kinarekebisha sehemu ya 32 ya sheria. Ukiandika "napinga 32" na mswada una vipengele 20 tu, karani anayepanga maoni hana pa kukuweka. Andika zote mbili: "Kipengele cha 14 cha Mswada, kinachorekebisha sehemu ya 32 ya Sheria."

Chagua vipengele vinavyokugusa wewe. Viwili au vitatu vinatosha. Sioni faida ya muuza maziwa kutoa maoni juu ya vipengele 60.

Utajua umefaulu hatua hii ukiweza kumweleza jirani, bila kutazama karatasi, sheria ya sasa inasemaje, mswada unataka iseme nini, na tofauti hiyo inakugharimu nini.

## Hatua ya 4: Andika jedwali, si hotuba

Wanaosoma kwanza si wabunge. Ni makarani na maafisa wa utafiti wa kamati, na kazi yao ni kupanga maoni ya watu wengi kipengele kwa kipengele ili wabunge wayapitie. Warahisishie. Waraka wako uwe na sehemu tatu.

Sehemu ya kwanza ni utambulisho, mistari mitatu au minne: wewe nani, unafanya kazi gani, wapi, na mswada unaouzungumzia kwa jina na nambari kamili.

Sehemu ya pili ndiyo moyo: jedwali la safu nne. Kipengele. Kinasema nini sasa. Unapendekeza kisomeke vipi. Kwa nini.

Sehemu ya tatu ni jina, nambari ya kitambulisho, simu, saini na tarehe. Kama ungependa kufika mbele ya kamati ana kwa ana, sema hapo.

Acha nikuonyeshe kwa mfano wa kubuni. Tuseme mswada una kipengele cha 14(2) kinachosema anayeuza maziwa bila leseni atatozwa faini isiyozidi shilingi 500,000. Barua ya kawaida ingesema:

*"Mswada huu ni wa kutunyanyasa sisi wafanyabiashara wadogo. Maisha yamekuwa magumu. Tunaiomba serikali itufikirie."*

Kila neno hapo ni kweli, na hakuna hata moja ambalo karani anaweza kulitumia. Sasa soma hii:

*"Kipengele cha 14(2). Pendekezo: futa 'laki tano' na uweke 'elfu ishirini' kwa anayeuza chini ya lita 100 kwa siku. Sababu: nauza lita 40 kwa siku na kubaki na faida ya shilingi 8 kwa lita, yaani shilingi 320. Faini ya 500,000 ni faida yangu ya siku 1,562, zaidi ya miaka minne. Nimeambatisha kurasa za daftari langu la mauzo la miezi mitatu."*

Maoni ya pili yana anwani: yanajua yanakwenda kipengele gani. Yana maneno ya kuweka badala ya yale yanayofutwa. Yana hesabu ambayo mbunge anaweza kuisoma kwa sauti ndani ya kamati bila kubadilisha neno. Tena hayapingi leseni yenyewe. Yanapinga kiwango cha faini. Hilo humpa mbunge aliyeunga mkono mswada nafasi ya kukukubalia bila kuonekana ameasi upande wake.

Je, naweza kukataa mswada wote? Unaweza, hakuna anayekuzuia. Ila panga ngazi mbili: kwanza sema unaukataa wote na kwa nini, kisha andika, "Iwapo kamati itaamua kuendelea nao, napendekeza yafuatayo." Mtu anayesema "kataa" na kunyamaza huachwa nje pale kamati inapoanza kukata na kushona.

Lugha. Kifungu cha 120 cha Katiba kinataja Kiswahili, Kiingereza na Lugha ya Ishara ya Kenya kuwa lugha rasmi za Bunge. Andika kwa Kiswahili bila woga. Jambo moja tu: miswada huchapishwa kwa Kiingereza, kwa hiyo unaponukuu kipengele, nakili maneno yake kama yalivyo kisha ueleze kwa Kiswahili. Usijitafsirie sheria, neno moja likiteleza, wataanza kubishana na tafsiri yako badala ya hoja yako.

Nakala za kunakiliwa. Kuna mtindo wa kusambaza barua moja itumwe na watu elfu. Nimewahi kushiriki mmoja na sikuona tofauti. Hoja moja ikirudiwa mara elfu bado ni hoja moja. Kama ninyi ni kikundi, andikeni waraka mmoja uliokomaa na mwambatishe orodha ya majina, nambari za vitambulisho na saini. Au kila mmoja aandike hesabu zake mwenyewe.

Urefu? Kurasa mbili au tatu. Mwaka mmoja niliandika tisa, nikijiona mtaalamu. Katika ripoti ya kamati zilitokea sentensi mbili tu, na zote zilitoka ukurasa wa kwanza.

## Hatua ya 5: Wasilisha, na uondoke na ushahidi

Maoni kwa Bunge la Taifa huandikiwa Karani wa Bunge la Taifa, S.L.P. 41842-00100, Nairobi. Yanaweza kupelekwa kwa mkono katika afisi yake kwenye Majengo ya Bunge, au kwa barua pepe: cna@parliament.go.ke. Soma tangazo la mswada wako hata hivyo, kwani mara nyingine huongeza anwani ya kamati. Tuma kote kulikotajwa.

Ukituma kwa barua pepe, weka jina na nambari ya mswada kwenye mada, si "Maoni yangu". Ambatisha PDF moja. Picha kumi za kurasa zilizopigwa kwa simu gizani hazisomeki.

Ukipeleka kwa mkono, chapa nakala mbili. Moja wanachukua, nyingine wanaigonga muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, unarudi nayo nyumbani. Usiondoke mezani bila muhuri huo, hata ukiambiwa si lazima. Siku utakapohitaji kuthibitisha kwamba ulisema na hukusikilizwa, karatasi hiyo ndiyo itakayokusemea.

## Hatua ya 6: Ukiitwa mbele ya kamati

Si kila mtu huitwa. Ukiitwa, jipange kwa dakika tano hata kama umeahidiwa ishirini, kwa sababu wanaokutangulia watazila.

Unazungumza kupitia mwenyekiti: "Asante, Mheshimiwa Mwenyekiti." Hata mbunge mwingine akikuuliza swali, jibu hupitia kwa mwenyekiti. Usisome waraka wote; wanao mbele yao. Taja kipengele, taja pendekezo, toa mfano mmoja kutoka maisha yako, nyamaza. Mbunge akikukaripia, rudi kwenye hesabu zako. Karipio huisha, hesabu hubaki kwenye kumbukumbu.

## Hatua ya 7: Itafute ripoti ya kamati

Wengi huishia hatua ya 5 na kungoja kujibiwa. Barua ya majibu huenda isije kabisa. Jibu lako, kama lipo, liko ndani ya ripoti ambayo kamati huiwasilisha Bungeni, na ripoti hizo huwekwa kwenye tovuti ya Bunge. Fungua, tafuta jina lako au nambari ya kipengele chako. Utaona maoni yaliyotolewa na msimamo wa kamati: imekubali, imekataa, au imekubali nusu.

Je, lazima wakupe sababu ya kukukataa? Suala hili lilifika mbali. Mnamo Julai 31, 2024 Mahakama ya Rufaa iliitupa Sheria ya Fedha ya 2023, miongoni mwa mengine kwa dosari za kushirikisha umma. Oktoba 29 mwaka huo huo Mahakama ya Juu ikaubatilisha uamuzi huo. Kwa hiyo usiegemeze mkakati wako wote kwenye matumaini kwamba mahakama itakuja kukuokoa.

Na kamati husikia, wakati mwingine. Juni 18, 2024 ilitangazwa kwamba ushuru wa ongezeko la thamani (VAT) wa asilimia 16 kwa mkate na kodi ya asilimia 2.5 ya magari ungeondolewa kwenye Mswada wa Fedha. Kweli, siku hiyo vijana walikuwa barabarani Nairobi, na sitakudanganya kwamba karatasi peke yake ndiyo iliyofanya kazi. Lakini tazama kilichoondolewa: vipengele mahsusi, vilivyotajwa kwa majina.

## Hatua ya 8: Mlango wa pili, ambao karibu hakuna anayeubisha

Kamati ikikukatalia, mchezo haujaisha. Baada ya kusomwa mara ya pili, ambapo wabunge hujadili mswada kwa ujumla, Bunge hujigeuza kuwa Kamati ya Bunge Zima na kupitia kipengele kimoja baada ya kingine. Hapo mbunge yeyote anaweza kuleta marekebisho, mradi ametoa notisi ya maandishi kwa Karani saa 24 kabla ya kikao.

Mbunge yeyote, maana yake hata wako.

Usimwendee na malalamiko. Mpelekee karatasi moja yenye maneno tayari: "Kipengele cha 14(2) kifanyiwe marekebisho kwa kufuta maneno haya na kuweka maneno haya." Chini yake, sababu mistari mitano. Mwandikie mbunge wa eneobunge lako pamoja na mwakilishi wa wanawake wa kaunti yako, maana naye ana kura ile ile na wapiga kura humsahau. Msaidizi wa mbunge ndiye hupanga karatasi, kwa hiyo mjue kwa jina na mfuatilie kwa simu kwa adabu.

Fanya hivi mapema, hata kabla ripoti haijatoka. Kati ya kusomwa mara ya pili na Kamati ya Bunge Zima muda unaweza kuwa mfupi mno.

Utajua umefaulu ukiona marekebisho yenye jina la mbunge wako kwenye orodha ya shughuli za siku. Yakishindwa kwa kura, Hansadi, yaani rekodi rasmi ya mijadala ya Bunge, itaonyesha nani alisema nini, na hiyo ni kumbukumbu ya kutunza hadi uchaguzi.

## Hatua ya 9: Baada ya kura

Mswada ukipita mara ya tatu huenda kwa Rais. Ana siku 14: autie saini au aurudishe Bungeni akieleza asichokubali. Asipofanya lolote, unahesabiwa kuwa umetiwa saini. Ukirudishwa, Bunge linaweza kuurekebisha kufuata maoni yake, au kuupitisha tena kama ulivyokuwa kwa kura za theluthi mbili ya wabunge wote. Mswada wa Fedha wa 2024 ulipitishwa Juni 25. Kesho yake Rais akatangaza kwamba hatautia saini.

Ukitiwa saini, huchapishwa katika Gazeti Rasmi ndani ya siku 7, na sheria huanza kutumika siku ya 14 tangu kuchapishwa, isipokuwa yenyewe itaje tarehe nyingine. Soma tarehe hiyo kabla hujaanza kulipa au kuacha kulipa chochote.

Halafu usitupe faili. Sheria nyingi hazitaji ada ya leseni. Husema tu Waziri ataweka kanuni. Kiasi utakachodaiwa dirishani kitatoka kwenye kanuni hizo, miezi kadhaa baadaye, wakati kelele zimetulia. Nazo, chini ya Sheria ya Hati za Kisheria ya 2013, zinatakiwa kufanyiwa mashauriano na wanaoguswa, na baada ya kuchapishwa zifikishwe Bungeni ndani ya siku 7 za vikao. Chukua lile jedwali lako, badilisha safu ya kwanza iwe nambari ya kanuni, na upeleke wizarani mara tangazo la mashauriano litakapotoka. Daftari la mauzo ni lile lile.